Hesabu ya Jioni: Faida na Madhara ya Lengo la Kazi

Mkazi wa Mbweni apandaye daladala kwenda kazini katikati ya jiji la Dar es Salaam huonja kila asubuhi utamu na uchungu wa lengo la kazi. Lengo hilo huitwa hesabu: kiasi cha fedha ambacho dereva hana budi kumkabidhi mwenye gari kila jioni.

Tangu mabasi ya watu binafsi yaliporuhusiwa jijini mwaka 1983, hesabu imekuwa na faida zake. Mwenye gari hana haja ya kumchunga dereva. Dereva naye hudamka alfajiri bila kusukumwa, kwani kinachosalia baada ya hesabu na mafuta ndicho ujira wake na wa kondakta.

Lakini hesabu haiulizi fedha zimepatikanaje. Haimtambui mwanafunzi aliyeachwa kituoni kwa kuwa nauli yake ni ndogo, wala abiria aliyeshushwa gari lilipokatiza safari. Mvua ikinyesha na foleni ikisimama, mara nyingi hesabu haipungui. Dereva huongeza mwendo, huongeza abiria, huongeza saa za kazi, hata usingizi ukamnyemelea akiwa kwenye usukani.

Ndugu wasomaji, kuwa na lengo si kosa. Kosa ni lengo la fedha pekee, linalomtwika mtu wa chini hasara zote. Kiwandani, ofisini, hata nyumbani, tunapompangia mwenzetu kiwango cha kufikia, na tuulize pia: atakifikia kwa kumwumiza nani?