Suffren: Kamanda Aliyepigana Bila Bandari

Pierre André de Suffren alizaliwa mwaka 1729 huko Provence, kusini mwa Ufaransa, akaingia jeshi la majini akiwa na miaka 14. Waingereza walimteka mara mbili, mwaka 1747 na 1759. Alipofikisha miaka 50 bado alikuwa nahodha tu, mnene na mkali wa ulimi.

Machi 1781, Ufaransa ikiwa vitani na Uingereza, aliondoka Brest na manowari tano kubwa, akielekea Rasi ya Tumaini Jema, koloni la Waholanzi. Tarehe 16 Aprili, huko Porto Praya katika Cabo Verde, alikuta kikosi cha Waingereza kimetia nanga, kikiwa njiani kwenda kuliteka koloni hilohilo. Bila kujali kwamba bandari ile ilikuwa ya Wareno, waliokuwa hawamo vitani, aliingia na kushambulia. Hakuzamisha hata meli moja, lakini aliwachelewesha, akatangulia kufika Rasi, na koloni likaokoka.

Mapema mwaka 1782 mkuu wake alifariki njiani kwenda India, naye akashika uongozi. Mpinzani wake huko, Mwingereza Edward Hughes, alikuwa na Madras na Bombay za kukarabatia meli. Suffren hakuwa na bandari. Ghala la karibu la Wafaransa lilikuwa Mauritius, safari ya majuma mengi. Mlingoti ukivunjika, aling'oa wa meli ndogo akausimamisha kwenye manowari. Agosti 1782 aliiteka Trincomalee, pwani ya mashariki ya Sri Lanka, na hapo ndipo alipopata bandari. Pepo za kaskazi zilipokaribia hakurudi Mauritius, kama ilivyokuwa desturi, bali alikwenda Aceh, Sumatra.

Alipigana na Hughes mara tano na hakuteka manowari yoyote kubwa katika mapambano hayo. Lawama nyingi aliwatupia manahodha wake, na si bure: huko Negapatam, Julai 1782, mmoja wao aliamuru bendera ishushwe, maofisa wake wakakataa na kuendelea kupiga mizinga. Wanne aliwaondoa kazini. Hata hivyo, mtu aliyekuwa akibadili mpango katikati ya mapigano, tena bila kuwaeleza wenzake mapema, alichangia fujo hiyo.

Juni 1783, akiwa na manowari 15 dhidi ya 18, alimfukuza Hughes mbele ya Cuddalore na kuliokoa jeshi la Wafaransa lililozingirwa. Siku chache baadaye zikafika habari za amani. Alifia Paris, Desemba 1788, akiwa makamu admirali.