Mcheza Kwao Hutunzwa: Fainali za Kikapu za Shule za Indiana na Watazamaji wa Mbali

Ubingwa wa mpira wa kikapu wa shule za sekondari nchini Marekani ni ubingwa wa jimbo, si wa taifa. Kila jimbo lina chombo chake kinachosimamia michezo ya shule, na kila mwaka, majira ya baridi yanapokaribia kwisha, chombo hicho huzikutanisha shule zake katika mfumo wa mtoano, ambao timu inayofungwa mara moja hurudi nyumbani na inayoshinda husonga mbele hadi fainali. Wachezaji ni vijana wanaosoma, hawalipwi mshahara, na wengi wao hawatacheza tena mbele ya umati mkubwa baada ya siku hiyo. Pamoja na hayo, fainali zao hutazamwa kwenye runinga na watu ambao hawakusoma katika shule hizo, na katika miaka ya karibuni hutazamwa pia kwa njia ya utiririshaji, yaani kupokea picha za mchezo kupitia intaneti wakati uleule unapochezwa. Jimbo la Indiana linafaa kuliko mengine kueleza jambo hili, kwa sababu huko mchezo wa shule umekuwa kwa zaidi ya karne moja fahari ya mji mzima, na kwa sababu historia yake inaonyesha wazi kile ambacho picha inaweza kumpa mtazamaji na kile ambacho haiwezi kumpa.

Mpira wa kikapu ulibuniwa na James Naismith mnamo Desemba 1891 katika mji wa Springfield, jimbo la Massachusetts, na haukuchukua miaka mingi kufika Indiana. Huko ulikuta mazingira yaliyoufaa: vijiji vya wakulima vilivyokuwa na shule ndogo, majira ya baridi marefu yasiyoruhusu kazi nyingi za shamba, na mchezo unaohitaji wachezaji watano tu, hivyo hata shule yenye wavulana wachache iliweza kuunda timu. Chama cha michezo ya shule za sekondari cha jimbo hilo, kinachojulikana kwa kifupi kama IHSAA, kilianzishwa mwaka 1903, na mashindano ya kwanza ya jimbo yalifanyika mwaka 1911, ambapo shule ya Crawfordsville ilitwaa ubingwa. Tangu hapo hadi mwaka 1997 shule zote zilizoruhusiwa kushiriki, kubwa na ndogo, zilishindana katika kundi moja, na bingwa wa wavulana alikuwa mmoja tu.

Mapenzi hayo yalijengewa nyumba. Miji midogo ya Indiana ilijenga viwanja vya ndani vyenye viti vingi kupita kiasi cha kawaida cha shule, na sehemu kubwa ya viwanja vikubwa kabisa vya kikapu vya shule za sekondari nchini Marekani vipo katika jimbo hilo. Uwanja wa shule ya New Castle, kwa mfano, una nafasi ya watazamaji zaidi ya 8,000. Kwa hiyo runinga ilipoingia Indiana mwishoni mwa miaka ya 1940, haikuhitaji kuwafundisha watu kuupenda mchezo. Ilichofanya ni kumwingiza uwanjani mtu aliyekosa tiketi, mgonjwa aliyelala nyumbani, na mkulima ambaye hakuweza kuwaacha ng'ombe wake usiku.

Mchezo uliobaki katika kumbukumbu kuliko mingine yote ni fainali ya Machi 20, 1954, iliyochezwa Indianapolis katika uwanja ambao siku hizi huitwa Hinkle Fieldhouse. Shule ya Milan, yenye wanafunzi 161 tu, kutoka mji wa watu wapatao 1,100, ilikutana na Muncie Central, shule iliyoizidi Milan mara nyingi kwa idadi ya wanafunzi na iliyokwisha kutwaa ubingwa mara nne. Picha za mchezo huo, nyeusi na nyeupe, zimehifadhiwa, na mtazamaji wa leo anayeziona kwa mara ya kwanza huweza kudhani kwamba zimekwama, kwa sababu katika robo ya nne mchezaji wa Milan aitwaye Bobby Plump anasimama na mpira mkononi kwa zaidi ya dakika nne bila kurusha wala kupasi, ilhali timu yake iko nyuma kwa pointi mbili. Hakuna kilichokwama. Wakati huo hapakuwa na ile saa inayoilazimisha timu kurusha mpira kikapuni kabla ya sekunde fulani kwisha, kwa hiyo kocha Marvin Wood, kijana wa miaka 26, aliweza kuutumia muda wenyewe kama silaha dhidi ya wapinzani waliokuwa warefu na wenye nguvu zaidi. Milan ilisawazisha, timu zikafika 30 kwa 30, na zikiwa zimebaki sekunde chache Plump akaruka, akarusha, akafunga. Matokeo yalikuwa 32 kwa 30. Timu iliporejea nyumbani ilipokewa na umati uliozidi mara nyingi idadi ya wakazi wote wa mji huo, na mwaka 1986 filamu iitwayo Hoosiers, ambayo kisa chake kilichotwa katika ushindi huo, iliufanya mchezo wa shule wa Indiana ujulikane duniani.

Wahenga wa Kiswahili walisema mcheza kwao hutunzwa, na kwa vijana wa Milan usemi huo ulitimia neno kwa neno. Lakini mwaka uliofuata jimbo lilelile lilionyesha kwamba mtu anaweza kucheza kwao na bado asitunzwe. Crispus Attucks ilikuwa shule ya Indianapolis iliyofunguliwa mwaka 1927 ili kuwatenga wanafunzi weusi na wenzao weupe, na hadi mwaka 1942 shule za watu weusi, pamoja na shule za Kikatoliki, hazikuruhusiwa kushiriki mashindano ya jimbo. Mwaka 1955, chini ya kocha Ray Crowe na mchezaji kijana Oscar Robertson, ambaye baadaye alikuja kuwa miongoni mwa wachezaji wakubwa kabisa katika historia ya mchezo huo, Attucks iliifunga Gary Roosevelt pointi 97 kwa 74, ikawa shule ya kwanza ya watu weusi nchini Marekani kutwaa ubingwa wa jimbo katika mashindano ya wazi kwa wote. Mwaka 1956 ilitwaa tena, safari hii bila kufungwa mchezo hata mmoja, jambo ambalo hakuna bingwa wa Indiana aliyekuwa amelifanya. Desturi ilikuwa mabingwa washangiliwe kwenye mzunguko wa mnara ulio katikati ya jiji. Vijana wa Attucks walizungushwa hapo kwa muda mfupi, kisha msafara wao ukapelekwa kwenye bustani iliyokuwa katika mtaa wa watu weusi, na Robertson ameeleza katika maisha yake yote jinsi kitendo hicho kilivyomuumiza.

Hapa ndipo unapoonekana mpaka wa kile ambacho picha inaweza kukifanya. Kamera iliwaonyesha vijana wa Attucks wakishinda, na maelfu ya nyumba za watu weupe ambazo zisingemkaribisha mmoja wao sebuleni ziliwaona wakiwa mabingwa wa jimbo lao. Kuona huko kulikuwa na thamani, lakini hakukutosha kuwapa heshima waliyostahili, kwa sababu heshima hutolewa na watu, wala haitolewi na chombo cha matangazo. Mtazamaji anayemwona kijana akifunga kikapu bila kujua anatoka wapi, na amepita wapi hadi kufika hapo, ameona nusu ya mchezo.

Wasichana nao walichelewa kuonekana. Mashindano yao ya jimbo yalianza rasmi mwaka 1976, miaka minne baada ya Marekani kupitisha sheria iliyokataza ubaguzi wa kijinsia katika elimu inayopata fedha za serikali kuu, na shule ya Warsaw ilikuwa bingwa wa kwanza. Hii ina maana kwamba kwa miaka 65 jimbo lilikuwa na bingwa wa wavulana bila bingwa wa wasichana.

Kilele cha watazamaji wa uwanjani kilifikiwa mwaka 1990, wakati fainali iliyochezwa katika uwanja wa Hoosier Dome, uliojengwa kwa ajili ya soka ya Kimarekani, ilipohudhuriwa na watu 41,046, na Bedford North Lawrence ya kijana Damon Bailey ikaifunga Concord 63 kwa 60. Miaka michache baadaye, kuanzia msimu wa 1997–98, mashindano yaligawanywa katika madaraja manne kwa kufuata idadi ya wanafunzi, ili shule ndogo zishindane na ndogo nyingine. Waliounga mkono uamuzi huo walisema ni haki kwa shule ambazo zisingeweza kamwe kufika fainali. Waliopinga walisema umeua ndoto ya Milan mpya, na mahudhurio ya viwanjani yalipungua. Pande zote mbili zina hoja, lakini anayetazama fainali za leo hana budi kukumbuka kwamba anaona mabingwa wanne wa wavulana wakipatikana siku moja.

Utiririshaji ulikuja juu ya msingi huo. Mwaka 2013 shirikisho la taifa la vyama vya michezo ya shule za sekondari, likishirikiana na kampuni ya PlayOn! Sports, lilianzisha NFHS Network, huduma inayorusha michezo ya shule za majimbo mengi kwa watu wanaolipa ada ya usajili. Sehemu kubwa ya kazi hiyo haina mpiga picha: shule hufungiwa juu ya uwanja kifaa chenye lenzi kadhaa kinachouona uwanja wote kwa pamoja, na programu ya kompyuta hufuata mwendo wa mpira na wachezaji, kisha huchagua sehemu ya picha ya kumwonyesha mtazamaji. Faida yake ni kwamba mchezo wa wasichana wa shule ndogo, ambao hakuna kituo cha runinga kingetuma gari lake kuurusha, sasa unaonekana na babu aliyehamia jimbo jingine na kaka aliye jeshini ng'ambo. Hasara yake ni kwamba kifaa hicho hakijui hadithi: hufuata mpira hata pale ambapo jambo kubwa ni kocha anayemshika bega kijana aliyekosa mtupo wa mwisho.

Hatari nyingine ni fedha. Mnamo Desemba 2002 kituo cha ESPN2 kilirusha nchi nzima mchezo wa St. Vincent–St. Mary ya Akron, jimbo la Ohio, dhidi ya Oak Hill Academy ya Virginia, kwa sababu ya mchezaji mmoja, LeBron James, ambaye hakuwa ametimiza miaka 18. Timu yake ilishinda 65 kwa 45. Tangu siku hiyo ilidhihirika kwamba mchezo wa shule unaweza kuuzwa kama bidhaa ya taifa. Kijana mwenye kipaji hufaidika anapoonekana, lakini mtoto yeyote aliyewekwa mbele ya mamilioni ya macho hubeba mzigo ambao watu wazima wengi wangeulalamikia.

Kwa msomaji wa Kiswahili suala hili haliko mbali kama linavyodhaniwa. Hasheem Thabeet, mzaliwa wa Dar es Salaam, alipitia shule ya sekondari mjini Houston na Chuo Kikuu cha Connecticut kabla ya kuchaguliwa wa pili katika uteuzi wa mwaka 2009 wa NBA, ligi ya kulipwa ya Marekani, na Jonathan Kuminga, mzaliwa wa Goma, alicheza katika shule za Marekani kabla ya kuchaguliwa wa saba mwaka 2021. Anayetaka kutazama fainali ya wavulana ya Indiana moja kwa moja mwishoni mwa Machi ajue kwamba saa mbili usiku ya Indianapolis ni saa nane usiku Bujumbura, saa tisa usiku Dar es Salaam na Nairobi, na saa kumi alfajiri Muscat. Ajue pia kwamba mchezo wa shule una dakika 32, yaani robo nne za dakika nane kila moja, na kwamba majimbo yalipewa hiari ya kutumia saa ya kurusha ya sekunde 35 kuanzia msimu wa 2022–23, hivyo mwendo wake huweza kuwa wa taratibu kuliko ule wa NBA. Mwendo huo si udhaifu. Ndani yake ndimo huonekana pasi zilizofundishwa kwa miaka na ulinzi wa vijana waliokua pamoja.

Zaidi ya yote, mtazamaji wa mbali anapaswa kukumbuka kwamba anawatazama watoto wa watu. Makosa yao yasikatwe vipande na kusambazwa kwa kejeli, wala kushindwa kwao kusigeuzwe matusi mitandaoni, kwa kuwa mtu aliyealikwa kutazama ngoma ya kwa wenyewe hufuata adabu ya wenyeji.

Shule ya Crispus Attucks iliacha kuwa shule ya sekondari mwaka 1986, na ilirudishiwa hadhi hiyo mwaka 2006. Mnamo Machi 2017 ilifika tena fainali, katika daraja la tatu la mashindano mapya, na ikaifunga Twin Lakes pointi 73 kwa 71, huku mchezo ukionekana mbali sana na uwanja wa Indianapolis ulipochezwa. Aliyewavisha vijana hao medali alikuwa Oscar Robertson, miaka 62 baada ya kutwaa ubingwa wake wa kwanza.