Sanaa ya Taifa Iliyotoka Pembezoni

Nchini Meksiko, baada ya mapinduzi yaliyoanza mwaka 1910, waziri wa elimu José Vasconcelos aliwakabidhi Diego Rivera na wenzake kuta za majengo ya umma, ili wachore picha kubwa za ukutani zenye kusimulia historia ya taifa kwa wananchi ambao wengi wao hawakujua kusoma. Tanganyika nayo iliunda wizara ya utamaduni mwaka 1962, na baadaye mchoraji Sam Ntiro, aliyesoma Makerere na London, akawa Kamishna wa Utamaduni. Hata hivyo, kazi zilizokuja kuitambulisha nchi hazikuagizwa na dola, bali zilizaliwa pembezoni mwa Dar es Salaam, mikononi mwa wahamiaji kutoka kusini.

Wa kwanza ni wachongaji wa Kimakonde, ambao wengi walivuka mto Ruvuma kutoka Msumbiji kutafuta kazi katika mashamba ya mkonge, kisha wakahamia mjini na kuchonga mpingo, mti wenye kiini cheusi kigumu. Mtindo wao wa watu waliopandana na kushikamana katika gogo moja ulikuwapo kabla ya Azimio la Arusha la mwaka 1967, lakini baada ya Azimio hilo ulisomwa kama kielelezo cha Ujamaa, yaani siasa iliyotangazwa humo ya kumiliki mali na kufanya kazi kwa pamoja, na ukaitwa kwa jina hilo hilo.

Wa pili ni Edward Saidi Tingatinga wa Tunduru, aliyeanza kuchora mwaka 1968 kwa rangi za mafuta za kung'aa juu ya vipande vya hadibodi, akiuza kazi zake Oysterbay, mtaa wa Dar es Salaam walikoishi wageni wengi. Alipouawa kwa risasi ya polisi mwaka 1972, ndugu na wanafunzi wake waliendeleza mtindo huo, na mwaka 1990 ukapata chama cha ushirika.

Kwa kuwa wanunuzi wakuu walikuwa wageni, soko lilipendelea tembo, chui na ndege kuliko maisha ya wakazi wa jiji hilo, kama vile wa Temeke au Kinondoni, ingawa wachoraji walichora pia zahanati na masoko. Hivyo, Meksiko ililipia picha yake yenyewe, lakini Tanzania ilirithi picha iliyolipiwa na wengine, na mjadala kuhusu sanaa ya taifa umebaki kuwa mjadala kuhusu nani anayenunua.