Branch Rickey, Mtafuta Wachezaji

Wamarekani wana michezo miwili wanayoipenda sana. Mmoja ni besiboli. Katika besiboli mtu mmoja hurusha mpira mdogo mgumu, na mwenzake wa timu ya pili huupiga kwa gongo, kisha hukimbia kutoka kituo hadi kituo. Mchezo wa pili huitwa futiboli, lakini si kabumbu yetu. Mpira wake una umbo kama la yai. Wachezaji huushika mkononi, hukimbia nao na kuangushana chini. Vyuo vya huko vilianza kushindana katika mchezo huo mwaka 1869.

Branch Rickey alifundisha michezo yote miwili, kisha akawa mtafuta wachezaji. Mtafuta wachezaji hutumwa na klabu kwenda vijijini na mijini kuangalia vijana wasiojulikana. Hukaa pembeni mwa uwanja akitazama. Je, mkono wa kijana huyu una nguvu? Je, ana mbio? Rickey aliithamini sana miguu. Kijana aweza kufundishwa kupiga mpira vizuri zaidi, lakini mbio huzaliwa nazo. Tena mbio humfaa anaposhambulia na anapolinda.

Rickey alizaliwa mwaka 1881 katika jimbo la Ohio. Wazazi wake walikuwa wakulima, na yeye mwenyewe alifundisha shule ya kijijini kabla ya kwenda chuoni. Alimwahidi mama yake kwamba hatacheza mpira siku ya Jumapili. Ahadi hiyo ilimfanya aachwe na klabu ya Cincinnati mwaka 1904. Uchezaji wake haukuwa wa ajabu. Siku moja mwaka 1907 alikuwa mdaka mpira, na mkono wake ulikuwa unauma. Wapinzani walimkimbilia vituo mara 13 katika mchezo mmoja, naye hakuweza kuwazuia. Lakini kufundisha alikujua. Alifundisha futiboli katika chuo cha Allegheny mwaka 1904 na 1905, kisha Ohio Wesleyan tangu 1906 hadi 1908.

Kabla ya hapo, Rickey alikuwa ameifundisha timu ya besiboli ya Ohio Wesleyan. Mchezaji wake mmoja, Charles Thomas, alikuwa mtu mweusi. Timu ilipofika mji wa South Bend, hoteli ilikataa kumpokea Thomas. Rickey aliomba kijana huyo alale chumbani mwake. Baadaye alisimulia mara nyingi jinsi Thomas alivyolia chumbani humo, akiisugua mikono yake kana kwamba weusi ungetoka.

Mwaka 1909 Rickey aliugua kifua kikuu. Alipopona alisomea sheria katika chuo kikuu cha Michigan, huku akifundisha besiboli. Hapo ndipo alipomwona George Sisler, kijana ambaye mwaka 1920 alipiga mipira 257 iliyomfikisha kituoni salama. Hakuna aliyeizidi hesabu hiyo hadi mwaka 2004.

Rickey aliacha uwakili akajiunga na klabu za mji wa St. Louis, kwanza Browns, kisha Cardinals. Cardinals ilikuwa maskini. Ilimwona kijana mzuri katika klabu ndogo, lakini klabu tajiri ilikuja na fedha nyingi ikamchukua. Basi Rickey akaanza kununua klabu ndogo zenyewe. Vijana walikuzwa humo kama miche kitaluni, na Wamarekani waliziita klabu hizo mashamba. Mwaka 1926 Cardinals ilitwaa ubingwa wa nchi. Lakini vijana walilipwa kidogo, na mchezaji alipouzwa, Rickey alipata fungu lake. Mwaka 1938 mkuu wa besiboli aliwaachilia huru vijana zaidi ya 70 waliokuwa wamefungwa na mpango huo kinyume cha taratibu.

Jambo kubwa lilikuja baada ya Rickey kuhamia klabu ya Brooklyn Dodgers mwaka 1942. Tangu miaka ya 1880 hakuna mtu mweusi aliyeruhusiwa kucheza katika ligi kubwa. Haikuandikwa popote, lakini wenye klabu wote waliifuata. Watu weusi walikuwa na ligi zao. Rickey aliwatuma watafutaji wake huko, akijifanya anaunda timu nyingine ya watu weusi. Alimtaka mwenye mbio na mkono, lakini pia mwenye moyo wa kuvumilia.

Tarehe 28 Agosti 1945 aliletewa Jackie Robinson wa klabu ya Kansas City Monarchs. Walikaa kwa saa tatu hivi. Rickey alijifanya mwenye hoteli, kisha mpinzani, akamtukana matusi yote ambayo angeyasikia viwanjani. Robinson aliuliza kama anatafutwa mtu anayeogopa kujibu mapigo. Rickey akasema anamtafuta mwenye ujasiri wa kutojibu. Naona hilo lilikuwa gumu kuliko mchezo wenyewe, maana mwaka mmoja nyuma Robinson, akiwa ofisa wa jeshi, alishtakiwa baada ya kukataa kwenda kukaa nyuma ya basi, akashinda kesi.

Robinson aliingia uwanjani na Dodgers tarehe 15 Aprili 1947, akachaguliwa mchezaji mpya bora wa mwaka. Timu nyingine zikafuata, zikawachukua wachezaji hodari weusi. Watazamaji wakawafuata, na ligi za watu weusi zikafifia hadi zikafa. Kwa kumtoa Robinson, klabu ya Monarchs haikulipwa na Rickey hata senti moja.