Kidugala Bado Inasubiri Kitabu Chake

Sisi tuliosoma sekondari zamani, Myahudi wa kwanza tuliyekutana naye nje ya Biblia alikuwa Shylock. Mwalimu Nyerere alitafsiri tamthilia ya Shakespeare, ikatoka mwaka 1969 kwa jina la Mabepari wa Venisi, na ndani yake yumo mkopeshaji huyu anayedai ratili ya nyama ya mdeni wake. Kabla ya Shylock tulikuwa na Wayahudi wa shule ya Jumapili: Musa, Daudi, Danieli katika tundu la simba, na ikifika Ijumaa Kuu, umati unaopiga kelele mbele ya Pilato. Hatukuwahi kukutana na Myahudi wa kawaida, mtoto anayeogopa shule mpya au mama anayehangaika na kodi ya nyumba. Huyo nilimpata nikiwa mtu mzima, tena katika kitabu cha watoto.

Nilifundisha shule ya msingi hadi nikastaafu. Sasa nina duka la stesheneri hapa Makambako, na Jumamosi asubuhi watoto wa mtaani hukaa kwenye mabenchi nje ya duka nikawasimulia vitabu. Vingi vimeandikwa kwa Kiingereza, hivyo navisoma mwenyewe usiku, kisha nasimulia kwa Kiswahili. Makambako ni mji wa watu waliokuja. Barabara ya kwenda Zambia inapita hapa, ya Njombe na Songea inaanzia hapa, reli ya TAZARA ina stesheni hapa. Kwenye benchi moja anaketi Mbena, Mkinga, Mhehe, Mnyakyusa na mtoto wa Kichaga ambaye baba yake anauza vipuri. Wanacheza vizuri mpaka wagombane. Hapo utasikia mmoja akimwambia mwenzake "mkimbizi wewe", na aliyeambiwa analia kama aliyepigwa.

Kwa ajili ya neno hilo nilianza na kitabu cha Judith Kerr, When Hitler Stole Pink Rabbit, kilichotoka mwaka 1971. Kerr alizaliwa Berlin mwaka 1923 katika familia ya Kiyahudi. Baba yake, Alfred Kerr, alikuwa mhakiki maarufu wa tamthilia aliyewapinga Wanazi waziwazi. Mapema mwaka 1933 alidokezwa kwamba atanyang'anywa pasipoti, akatoroka. Mkewe na watoto wakamfuata Uswisi, kisha Paris, na mwaka 1936 wakafika London. Mei 1933 vitabu vyake vilikuwa miongoni mwa vilivyochomwa moto hadharani.

Katika hadithi mtoto anaitwa Anna, ana miaka tisa. Anaambiwa achague mwanasesere mmoja tu wa kuondoka naye. Anamchukua mbwa mpya wa manyoya na kumwacha sungura wake wa siku nyingi, wa rangi ya waridi, akiamini watarudi karibuni. Hawarudi. Niliwauliza watoto wao wangechukua nini. Mmoja alisema sweta, na kwa baridi ya Juni ya huku hilo ni jibu la mtu mwenye akili. Mwingine alisema angechukua daftari la hesabu, maana mwalimu angemchapa asipokuwa nalo. Hakuna aliyetaja kifo, na Kerr mwenyewe hakutaka waanzie huko. Anna anasikia kwamba kichwa cha baba yake kimetangaziwa bei ya maki elfu moja, na anadhani sarafu zitamwagwa kichwani mwa baba mpaka azibwe pumzi. Mkubwa akisoma anapata baridi, mtoto anaicheka kwanza, halafu ananyamaza.

Kuna mahali ambapo huwa nakawia makusudi. Huko Uswisi inafika familia ya Wajerumani iliyokuja likizo. Watoto wao wanataka kucheza na Anna na kaka yake Max, lakini mama yao anawakataza, kwa sababu hawa ni Wayahudi. Watoto wanatii. Hakuna askari pale wala mbwa wala kambi, ila uwanja wa kuchezea na mama mmoja anayeita watoto wake. Naamini hapa ndipo fasihi ya watoto inapofanya kazi ambayo kitabu cha historia hakiwezi kuifanya. Historia itamwambia mwanafunzi kwamba Wayahudi milioni sita waliuawa, naye ataiandika milioni sita kwenye mtihani na kupata alama. Uwanja wa Uswisi unamwonyesha jambo lilivyoanza, na mwanzo wa namna hiyo anaujua, maana Jumatatu aliuona shuleni kwake.

Tulipofika hapo msichana wa darasa la tano aliniuliza: "Lakini bibi, si Wayahudi ndio waliomuua Yesu?" Nililitarajia swali hilo. Huku kwetu Njombe wengi ni Walutheri na Wakatoliki, na maneno hayo mtoto anayasikia kwa watu wanaompenda. Nilimjibu kwamba Yesu alikuwa Myahudi, na Mariamu, na Petro na Paulo. Kwamba aliyetoa hukumu ni Pilato, mtawala wa Kirumi, na msalaba ulikuwa adhabu ya Kirumi. Na kwamba Anna, aliyezaliwa karibu miaka elfu mbili baadaye, hakuwapo. Kwa wazazi niliongeza yale yasiyomfaa mtoto wa umri ule. Martin Luther aliandika mwaka 1543 kitabu cha matusi makali dhidi ya Wayahudi, akataka masinagogi yao yachomwe, na Wanazi walikitumia. Shirikisho la Kilutheri Duniani liliyakataa mashambulizi hayo ya Luther katika mkutano wake mkuu wa mwaka 1984. Kanisa Katoliki mwaka 1965, katika Mtaguso wa Pili wa Vatikano, lilikataa kuwatwisha Wayahudi wote lawama ya kifo cha Yesu. Mzazi mmoja, mzee wa kanisa, alisema kwamba tangu abatizwe hajawahi kusikia hayo yakisemwa. Ningependa yasemwe.

Sasa nije Kidugala. Ukitoka Makambako kwenda Njombe ukakata kuingia ndani, unafika kwenye misheni ya zamani ya Wajerumani wa Berlin, ambayo leo ina seminari ya Kilutheri. Vita vya Pili vya Dunia vilipoanza, Waingereza waliwakamata wamisionari wa Kijerumani, na majengo yakabaki. Kisha wakaja Wapolandi. Bibi yangu mzaa mama alikuwa msichana katika kijiji cha jirani, akiwapelekea mayai na maharage. Alichokishangaa maisha yake yote ni kuona wanawake wa Kizungu wakifua na kubeba kuni wenyewe. Kila akisimulia alimalizia kwa kuuliza ni nani aliyewafukuza kwao.

Jibu ni refu, na katikati yake wamo Wayahudi. Septemba 1939 Ujerumani iliivamia Polandi kutoka magharibi, na tarehe 17 mwezi huohuo Warusi wakaingia kutoka mashariki. Kuanzia Februari 1940 hadi Juni 1941 Warusi waliwapakia watu katika mabehewa ya mizigo na kuwapeleka Siberia na Kazakhstan kwa mikupuo minne. Mkupuo wa Juni 1940 ulikuwa na Wayahudi wengi kuliko watu wengine, watu waliokuwa wamemkimbia Hitler upande wa magharibi. Njaa na baridi viliwaua wengi. Hata hivyo walioachwa nyumbani ndio walioangamia zaidi: Wayahudi wapatao milioni tatu wa Polandi waliuawa. Ujerumani ilipoishambulia Urusi mwaka 1941, wafungwa wa Kipolandi wakafunguliwa, likaundwa jeshi chini ya Jenerali Anders, na mwaka 1942 wanajeshi na familia zao wakavuka kwenda Irani. Kutoka Tehran njia zikagawanyika. Watoto wa Kiyahudi zaidi ya 800, wengi wao yatima, walifikishwa Palestina mwaka 1943. Wapolandi wengine, hasa wanawake na watoto, walisafirishwa kwa meli hadi Afrika Mashariki. Tanganyika iliwapokea Tengeru, Ifunda, Kondoa, Morogoro na hapa Kidugala. Uganda iliwapokea Masindi na Koja.

Tengeru, karibu na Arusha, ilikuwa kubwa kuliko kambi nyingine za Tanganyika, ikiwa na watu wapatao 5,000. Makaburi yake yanatunzwa mpaka leo, karibu 150, mengi ya Wakatoliki, na miongoni mwao yamo ya Wayahudi. Vita vilipokwisha wengi walikataa kurudi katika Polandi iliyokuwa mikononi mwa Wakomunisti. Walikwenda Uingereza, Australia na Kanada. Padri Lucjan Królikowski aliwachukua yatima wapatao 150 wa Tengeru hadi Kanada mwaka 1949.

Watoto wa benchi langu walikuwa hawajawahi kusikia lolote kati ya haya. Wapo ambao wazazi wao wamesoma Kidugala. Kenya wana Stefanie Zweig, aliyefika huko mwaka 1938 akiwa mtoto wa Kiyahudi kutoka Ujerumani, na ambaye mwaka 1980 alichapisha riwaya ya vijana, Ein Mund voll Erde, kabla ya ile Nirgendwo in Afrika iliyotengenezewa filamu na kushinda Oscar mwaka 2003. Lakini nazo ni za Kijerumani. Sisi wa Njombe tuna majengo na makaburi, na hadithi ya bibi zetu, na kitabu cha Kiswahili cha kumpa mtoto hatuna.

Mwenye duka la vitabu anaijua sababu. Mzazi akiingia kwangu anataka kitabu cha kiada au mitihani iliyopita. Mradi wa Vitabu vya Watoto Tanzania umefanya kazi njema tangu mwaka 1991, lakini hadithi za kubaguliwa na kukimbia nyumbani bado ni chache, na mtoto huzifikia akiwa amechelewa. Takadini ya Ben Hanson, riwaya ya mama anayekimbia kijiji chake ili kumwokoa mwanawe mwenye ualbino, husomwa sekondari, kwa Kiingereza. Katika nchi ambayo watu wenye ualbino wamewindwa na kukatwa viungo, hadithi ile ingepaswa kufika darasa la tatu kwa Kiswahili. Mtoto wa sekondari amekwisha kujifunza nani wa kumcheka.

Si kila kitabu kinachohusu mateso ya Wayahudi ningekiweka kwenye benchi langu. The Boy in the Striped Pajamas cha John Boyne, cha mwaka 2006, kimeuzwa sana duniani, na nimekiacha. Makumbusho ya kambi ya mauaji ya Auschwitz yalitahadharisha mwaka 2020 kwamba anayesoma au kufundisha historia hiyo akiepuke. Mimi nina sababu yangu pia: mwisho wake msomaji anamlilia mtoto wa mkuu wa kambi, na mtoto wa Kiyahudi anabaki kama kivuli pembeni. Nimechagua Number the Stars cha Lois Lowry, kuhusu Denmaki ya mwaka 1943, pale Wayahudi zaidi ya 7,000 walipovushwa kwa boti za wavuvi kwenda Uswidi. Watoto waliuliza kama wavuvi walilipwa. Niliwaambia ukweli kwamba wengi walilipwa, na baadhi walitoza pesa nyingi. Wakabishana mpaka saa ya chakula kama mtu aliyelipwa ametenda wema.

Kitabu cha Kidugala nakitaka kiwe na ubishi wa namna hiyo. Kiwe na msichana wa Kibena anayebeba mayai na msichana wa Kipolandi aliyezika mdogo wake njiani. Kisifiche kwamba serikali iliyompa mmoja hifadhi ilimhesabu mwenzake kuwa mtu wa daraja la chini katika nchi yake mwenyewe, wala kwamba kati ya Wapolandi wenyewe walikuwapo waliombagua jirani kwa kuwa ni Myahudi. Mtoto wa miaka tisa analiweza hilo likisimuliwa kwa mtu mmoja na siku moja. Aliyekuwa na miaka minane mwaka 1943 sasa amepita 90, na vijijini karibu na Kidugala bado wapo wazee wa umri huo, pamoja na watoto wao wanaokumbuka waliyosimuliwa. Mwandishi anayeitaka kazi hii aende kwao mwaka huu, mvua zikiisha na barabara ikipitika, kisha ndiyo aje dukani kwangu kununua karatasi.