Shamba Lililo Mbele ya Hakimu

Katika Manguredjipa, makao ya sekta ya Bapere, magharibi ya Butembo nchini Kongo, ardhi hutamaniwa mara mbili: juu yake kwa kakao, na chini yake kwa dhahabu. Watu wawili wakigombania shamba, shauri huanzia kwa chifu, likaenda tribunali, na huko hukaa miezi, pengine miaka. Walakin dhahabu haimngoji hakimu. Mwenye nguvu huleta wachimbaji, mikakao ikang'olewa, udongo ukaoshwa kijitoni, na siku hukumu isomwapo aliyeshinda hukabidhiwa mashimo yaliyojaa maji.

Ni kwa ajili ya balaa la namna hii sheria ikaweka zuio la muda, yaani amri ya mahakama iwakatazayo wagombanao, wote au mmoja wao, kuuza, kujenga, kukata wala kuchimba mpaka neno la mwisho litamkwe. Amri hiyo haimpi mtu milki. Nalikariri hili makusudi, kwa kuwa aghalabu aliyeipata hurudi kijijini kwa vigelegele akidhani amekwisha shinda, na jirani zake wakamsadiki, ilhali hakimu hajaamua bado mali ni ya nani.

Mizani ya jambo hili imeelezwa vizuri Tanzania, katika kesi ya Atilio dhidi ya Mbowe ya mwaka 1969, ambayo mawakili wa huko huitaja mpaka leo. Mwombaji hutakiwa aonyeshe kwanza kuwa upo ugomvi wa kweli, naye ana tumaini la kushinda. Tena kwamba pasipo amri atapata madhara yasiyofidika. Na kwamba taabu yake akinyimwa itapita ya mwenzake zuio likitolewa. Sharti la madhara ndilo zito. Mahindi yaliyovunwa huhesabika, bei yake ikalipwa; lakini kaburi la babu lililofukuliwa, fedha gani italirudisha? Hata hivyo amri yenyewe haidumu milele: sheria ya Tanzania huitoa kwa muda usiozidi miezi 6, ndipo iombwe upya.

Upande wa Kongo, hakimu naye aweza kutoa uamuzi wa awali kabla hajaingia katika kiini cha shauri, ila ardhi yenyewe ina mafundo yake. Sheria ya tarehe 20 Julai 1973 iliifanya ardhi yote kuwa mali ya Dola, na haki ya raia juu yake ikathibitishwa kwa hati ya usajili. Kuhusu wale wakaao kwa desturi, ibara ya 389 iliahidi kwamba haki zao zitapangwa kwa amri ya Rais, na ahadi hiyo ikapita miongo bila kutimizwa. Basi mkulima aliyepewa msitu na chifu wake, kwa mbuzi na mashahidi, hufika mahakamani mikono mitupu, na mpinzani wake ameshika hati iliyoandikwa mjini ambayo, ikitimiza miaka 2 bila kupingwa, ni shida kubwa kuitengua. Juu ya hayo, mwaka 2024 mashambulizi ya waasi wa ADF yalizikimbiza jamaa nyingi za Bapere, na shamba lililoachwa halikawii kupata mdai mpya.

Kwa maoni yangu, mazuio mengi hufa kwa uvivu wa kuyaandika kuliko kwa ubaya wa mahakimu. Ombi lisemalo tu "shamba langu la Manguredjipa" halimzuii mtu yeyote. Shamba litajwe kwa kijito, kwa njia, kwa mti wa mpaka na kwa majina ya majirani wa pande zote. Nakala ya amri ipelekwe kwa mpinzani, kwa chifu na kwa polisi, na kila mpokeaji atie sahihi na tarehe, maana asiyearifiwa atasema hakujua. Nawe msomaji mwenye shauri la ardhi, omba zuio siku ile ile unapofungua kesi, kabla sururu la kwanza halijaingia shambani.