Kikosi cha Harvard na Vita vya Msituni

Wakazi wa Huruma wamezoea mngurumo wa ndege za jeshi. Kambi ya Wanahewa ya Moi, ng'ambo ya Barabara ya Juja, ni jirani yetu wa siku nyingi. Ni ajabu basi kwamba walimu wengi wa historia, wafundishapo habari za Mau Mau, hawakitaji kabisa kikosi kilichofika hapo mwaka 1953, kambi hiyo ilipokuwa mikononi mwa Wanahewa wa Kifalme wa Uingereza.

Kikosi hicho, nambari 1340, kilitoka Rhodesia ya Kusini kikiwa na ndege aina ya Harvard. Harvard haikuundwa kwa ajili ya vita. Ilikuwa ndege ya kufundishia marubani, yenye injini moja na viti viwili. Hapa kwetu ilifungiwa bunduki moja ya rasharasha na mabomu manane ya ratili 20 kila moja, ikahamishiwa Mweiga, karibu na Nyeri, ili iwashambulie wapiganaji waliokuwa Nyandarua na Mlima Kenya.

Mwanafunzi mwerevu atauliza: rubani alimwonaje mpiganaji? Mara nyingi hakumwona. Miti na mianzi ilifunika kila kitu. Vindege vidogo vya polisi vilitangulia kuonyesha shabaha, na Harvard zikafuata kuangusha mabomu penye matawi. Tena serikali ya kikoloni ilikuwa imeitangaza misitu hiyo kuwa eneo la marufuku, kwa hiyo yeyote aliyekuwa ndani alihesabiwa kuwa adui, awe ameshika bunduki au amebeba kikapu cha chakula. Sheria hiyo ndiyo inayostahili kujadiliwa darasani kuliko ukubwa wa bomu.

Novemba 1953 zikaja Lincoln, ndege kubwa za injini nne, zikibeba mabomu ya ratili 500 na 1,000 kutoka Eastleigh. Wapiganaji nao walijifunza kuficha moshi na kuhama kambi. Wanyama nao waliumia. Ndovu na nyati waliojeruhiwa waligeuka wakali, wakawashambulia watu bila kubagua askari na mpiganaji. Wakuu wa jeshi wenyewe walibishana kama faida ilitoshana na gharama.

Daftari za marubani huhesabu saa na mabomu. Majina ya waliokuwa chini ya miti hayamo humo, na wazee wanaoweza kuyataja wanazidi kupungua. Mwalimu anayetaka kazi ya likizo kwa wanafunzi wake asiende mbali: awatume wakaulize nyumbani, hasa wale ambao jamaa zao walitoka Nyeri na Murang'a.

Lincoln ziliondoka katikati ya mwaka 1955, na kikosi cha 1340 kikavunjwa Septemba mwaka huo huo. Dedan Kimathi alikuwa bado msituni. Alijeruhiwa kwa risasi na kukamatwa tarehe 21 Oktoba 1956, na waliomkamata ni askari waliokuwa wakitembea kwa miguu.